Nilikusikia, Mama Jenerosa

Mama Jenerosa,

Barua za wazima huanza kwa kuulizana afya. Mimi nitakuuliza afya kwa uso gani? Basi nianze na habari za huku, kisha nijikaze nifike pale ninapoogopa kufika. Ukiona nazungukazunguka, nivumilie. Wewe mwenyewe ulikuwa ukisema mutu mwenye haya hufagia uwanja wote kabla ya kuingia nyumbani.

Kambi ya Lac Vert haipo tena. Mji wa Goma ulipobadilisha wenye bunduki, tuliambiwa kila mutu arudi alikotoka, tukapewa siku chache. Watu walivua mabashi ya plastiki juu ya vibanda vyao kwa mikono yao wenyewe, wakayakunja, wakafunga masufuria na magodoro na kuku juu ya chukudu za mbao, msafara ukashika barabara ya Sake. Ungeona ungesema soko limehama. Mwezi uliopita nilipita pale nikitoka Goma. Mwenye shamba amelima, maharagi yametoa maua. Nilitafuta kwa macho mahali bloki yetu ilipokuwa, sikupaona. Na mimi, Mama, badala ya kuhuzunika, nilipumua.

Sisi tumerudi Masisi, kwenye senta yetu. Nyumba yangu niliikuta kuta tu. Mabati waliyachukua, hata mlango waliung'oa. Nimeezeka kwa bashi lile lile la kambini. Neema, uliyemwacha na surua, alipona kabisa. Anasoma mwaka wa pili. Baraka amenipita kimo. Baba yao, tangu aende kuchimba upande wa Walikale, hajatuma neno, na siku hizi siulizi tena kila pikipiki inayofika. Mvua za mwaka huu zimekuja vibaya. Mto ulibeba daraja la miti, na ng'ambo ya kilima udongo uliteremka na shamba zima la mihogo la jirani yetu, mihogo ikasimama chini bondeni kama imepandwa huko. Watoto wa ng'ambo hawafiki masomoni mpaka maji yapungue. Mawingu yakikaa meusi juu ya kilima mimi hutoka nje nikasimama. Watu hudhani naangalia nguo nilizoanika.

Naishi kwa kushona. Hiyo ni kazi yako.

Nilikuja kwako nikiwa na miaka kumi na saba, mjuaji, sitaki kuonyeshwa. Wiki ya pili tu nikamkatia katekista suruali yenye miguu miwili ya kushoto. Ulicheka mpaka ukaketi chini umeshika mbavu. Nilidhani utanifukuza. Ukanipa wembe ukasema, "Fumua, mutoto wangu. Hakuna mwenye alizaliwa na sindano mukononi." Halafu ukachukua kitambaa chako mwenyewe ukaongeza palipopungua, na katekista alivaa suruali ile miaka mitatu bila kujua. Nilipoolewa ulinishonea gauni. Nilipozaa Baraka, wewe ndiye uliyemkata kitovu, kwa sababu mkunga alichelewa na mvua. Mama yangu mzazi alikufa nikiwa mdogo. Watu wa senta walipoulizwa mimi ni wa nani, walisema ni wa Jenerosa.

Na siku ile milio ilipotukaribia, tulitoka pamoja. Uliacha nyumba, mbuzi, vitambaa vya watu, meza ya mashini na pedali yake. Ulichukua kichwa cha mashini peke yake, ukakifunga mgongoni kwa kikwembe kama mutoto mchanga. Kwenye kizuizi, askari akataka kumwona mutoto usoni. Ukamwambia, "Huyu ni wa chuma, papa. Halii." Alicheka, akatupitisha. Tuliogopa sana siku ile, lakini tulicheka mpaka Sake.

Pale Lac Vert shefu wa bloki alitupimia nafasi mbili kwenye mteremko, moja juu na moja chini yake, katikati kijia cha hatua moja. Ile ya juu ilikuwa yako. Jina lako ndilo lililosomwa kwanza. Ukamwambia shefu abadilishe.

"Weye uko na batoto," uliniambia. "Kamata ya juu. Miye niko peke yangu, mutoto wangu Zawadi iko kule Kiwanja na soko yake. Nitajikunja popote."

Nilisema asante. Sikukubishia hata mara moja, kama adabu inavyotaka.

Mvua zilipoanza, kila mutu kambini alikuwa na vita na maji. Ardhi ilikuwa imekanyagwa na miguu elfu na elfu, haikunywa tena kitu. Maji yalitoka juu kwenye vyoo, yakapita katikati ya vibanda, yakatafuta njia ya kuteremka. Huyu anachimba kamufereji, anamtumia jirani maji. Jirani anachimba kake, anamtumia wa chini yake. Nami nikaanza kukusanya mawe ya volkano, kwa kuwa mawe ndiyo kitu pekee tulichokuwa nacho tele. Nikajenga kaukuta upande wa juu wa kibanda changu, mawe na mifuko ya changarawe, kakafika kwenye goti.

Ulikuja ukakatazama, sindano mdomoni.

"Hiyo mayi utaituma wapi, Mapendo?"

"Itapotea katika mawe, Mama. Mawe ya Goma inakunywa mayi."

Ulitikisa kichwa, ukaenda zako. Na mvua ya kwanza kweli maji yalipotea. Nilijiona mwenye akili.

Sasa nimefika.

Ilikuwa Jumamosi, mchana. Neema alikuwa na siku ya tatu ya surua, macho yamefunga, mwili unawaka. Muuguzi alikuwa ameniambia asubuhi ile asilowe, asipigwe na baridi, kifua chake kilikuwa kinapiga miluzi. Nilimlaza chini kwenye mkeka kwa sababu kitanda hatukuwa nacho. Upepo ukatoka ziwani, mabashi yakaanza kupiga kama makofi, kisha mvua ikaja yote kwa pamoja.

Vyoo vya juu vilikuwa vimejaa wiki nzima. Maji yalikuja ya rangi ya kahawa, yana kandambili, yana majani, yana vile vitu ambavyo sitavitaja kwenye barua kwako. Yakafika kwenye ukuta wangu, yakasimama, yakapanda. Nilikuwa nje, nimepiga magoti, naongeza mawe. Ndipo maji yakageuka. Niliyaona yakigeuka, Mama. Yaliingia kwenye kijia chetu, na kijia kilikwenda moja kwa moja mpaka mlangoni kwako.

Ukaita, "Mapendo!"

Kisha, "Mapendo, mayi inaingia!"

Kisha ukaita mara ya tatu, na sauti ilikuwa imebadilika. "Mapendo, toa mawe!"

Watu wote nimewaambia kwamba mvua ilikuwa inapiga bashi kwa kishindo, kwamba hata mutu aliye hatua moja asingesikika. Padri nilimwambia hivyo. Mwanao nilimwambia hivyo. Nimelisema mara nyingi mpaka likawa laini mdomoni. Ni uongo. Nilikusikia. Mara zote tatu nilikusikia, na nilijua ukuta ule ulihitaji kutolewa mawe manne tu ya juu ili maji yagawanyike, kidogo kwangu, kidogo kwako. Nilifikiri: Neema yuko chini kwenye mkeka. Nilifikiri: Mama ni mutu mzima, atasimama juu ya kitanda.

Nikachukua jiwe jingine, nikaongeza.

Mvua ilipokatika nilikuja kwako. Ulikuwa umesimama juu ya kitanda cha miti, umekumbatia kichwa cha mashini, maji ya kahawa yanazunguka chini. Bidoni yako ya maji ya kunywa ilikuwa inaelea kifuniko kimetoka. Nguo za watu ulizokuwa umemaliza zilikuwa zimelala ndani ya uchafu ule. Ulinitazama. Nilingoja useme. Ukasema tu, "Mvua ya leo haina adabu," ukanipa sufuria, tukaanza kuteka maji na kuyamwaga nje.

Bomba la bloki lilikuwa halitoi tangu asubuhi. Mimi nilikuwa na bidoni mbili kwangu, zimefungwa, safi. Sikukuletea hata moja. Sikukunyima kwa makusudi, Mama, ila nilikuwa nakwepa macho yako, na mutu anayekwepa macho hafikirii kiu ya mwenzake. Jioni ile ulikunywa yale yaliyobaki kwenye bidoni yako. Sina shaka, maana hakukuwa na mengine.

Jumapili, kabla watu hawajaamka vizuri kwenda misa, nilibomoa ukuta. Nilitawanya mawe, lile huku, lile kule, nikamwaga changarawe, nikakunja mifuko. Nilipomaliza, mahali pale palifanana na mahali pengine popote pa kambi.

Jumatatu tumbo lako likafunguka. Jumanne tulikubeba kwa kikwembe, watu wanne, mpaka kwenye hema za kolera, na walininawisha miguu kwa dawa kabla ya kunipitisha. Ulikuwa umepungua kwa siku moja kama mutu aliyeugua mwaka. Vidole vyako vilikunjamana kama vya mutu aliyefua nguo kutwa. Asubuhi ya Jumatano ulifungua macho ukanijua. Nikasema moyoni, sasa atasema. Nikaweka sikio karibu na mdomo wako.

Uliuliza, "Batoto balilala pakavu?"

Nikajibu, "Ndiyo, Mama."

Ukasema, "Basi."

Sijui mpaka leo basi ile ilikuwa ya namna gani. Kuna siku naisikia ni ya kunisamehe, kuna siku naisikia ni ya mutu aliyepata jibu alilokuwa analitafuta. Ulikata roho kabla ya saa sita. Hawakuturuhusu kukuosha. Wanaume wenye mabuti na glavu walikutia ndani ya mfuko wa plastiki, na lile gauni la buluu ulilojishonea kwa ajili ya siku hiyo lilibaki limekunjwa kwenye mkoba wako. Wewe uliyewavisha wafu wa senta nzima, ulikwenda bila kuvalishwa.

Ningependa aibu yangu iishie hapo. Haiishii.

Siku iliyofuata shefu aliita mkutano wa bloki. Watu watano walikuwa wameshikwa na kolera upande wetu, wewe ulikuwa wa kwanza kufa, na watu walitaka kujua nani aligeuza maji yakateremkia kwako. Unamkumbuka Muzee Kamanzi, yule mfugaji aliyekaa juu kidogo ya kwangu na mke wake, aliyepoteza ng'ombe wake wote njiani na bado akawa anatembea na fimbo ya kuchungia. Alikuwa amepanga mawe kandokando ya kibanda chake ili upepo usibebe bashi. Vijana wakayaonyesha. "Ni yeye! Batu yake ndiyo ilitufukuza kwetu, sasa anatumalizia na mayi!" Hakuna aliyetazama kama mawe yale yalikuwa upande wa mteremko au la. Walitazama kabila lake.

Muzee hakupiga kelele. Alisema, "Mumuulize Mama Baraka. Ukuta wake uko wapi?"

Watu wote wakanigeukia. Shefu akaniuliza, "Mama Baraka, uko na ukuta?"

Nikasema, "Ukuta gani?"

Maneno mawili tu. Shefu akaja kutazama, akakuta mawe yametawanyika kama kila mahali, akarudi. Vijana wakang'oa nguzo za Muzee mbele ya macho yetu. Mke wake alikusanya masufuria bila kulia, akayapanga moja ndani ya jingine kwa ukubwa, kana kwamba anahama kwa hiari yake. Walipopita mbele yangu, nilijifanya namfunga Neema kikwembe. Wakashika njia ya Mugunga. Mimi nilibaki na nafasi kavu, na jirani wa juu sikuwa naye tena.

Zawadi alifika siku ya nne kutoka Kiwanja, barabara ilikuwa imefungwa. Alifika akiwa hana machozi tena, ameyamaliza njiani. Nilimpokea mimi. Alilala kwangu siku nane, kichwa mapajani mwangu, ananishukuru. "Mama alikufa mikononi mwa mutu wake," alikuwa akiwaambia watu. Aliniuliza ilikuwaje, nikamwambia habari ya mvua na kelele za bashi, nikamwambia habari ya Muzee Kamanzi. Nilimpa mashini yako na lile gauni. Alipoondoka alinivua kitambaa changu cha kichwa akanivisha chake. Nilikivaa, Mama. Nilikivaa mpaka kikachakaa.

Miaka imepita hivyo. Ningeendelea hivyo, sina haja ya kujipamba kwako. Siku ile mwezi uliopita, nilipopita penye maharagi, pikipiki ilisimama Mugunga kutia esansi, na mutu akasema nyuma yangu, "Mama Baraka." Alikuwa Muzee Kamanzi. Amekonda, amezeeka. Anauza maziwa ya ng'ombe wa mutu mwingine, kikombe kwa kikombe. Mke wake alikuwa ameketi pembeni. Aliponiona aligeuza kiti chake akatazama ukutani.

Sijui nini kilinishika. Nilishuka nikapiga magoti pale kwenye vumbi, mbele ya watu wa pikipiki, nikamwambia: ukuta ulikuwa wangu.

Aliniacha nimepiga magoti.

"Unaniambia kitu najua," alisema. "Ile asubuhi ya Yenga, siku ya misa, nilikuona ukitoa mawe. Nilisema mbele ya bote, na weye ukasema ukuta gani. Sasa unakuja kunipa miye? Miye sina kazi nayo. Upeleke hiyo neno kwa bale balibomoa nyumba yangu. Upeleke kwa mutoto wa marehemu. Kisha, kama ukibaki na kitu, ndiyo unaweza kurudi hapa."

Nilimwuliza kama amenisamehe. Akasema, "Simama, unazuia bakiriya."

Basi nilipeleka. Jumapili iliyofuata, baada ya misa, wakati wa matangazo, nilimwomba katekista nafasi. Alidhani nataka kutangaza kazi yangu ya kushona. Kanisa letu limebaki na nusu ya paa, watu wanajisogeza upande wenye mabati, kwa hiyo walikuwa wamekaa karibukaribu na niliona kila uso. Nilisema yote. Nilisema nilikusikia ukiniita. Nilisema habari ya Muzee Kamanzi na lile neno langu. Mama mmoja wa mbele alimvuta mutoto wake akampakata. Katekista alishika karatasi yake akasoma haraka haraka tangazo la kufyeka uwanja wa shule.

Nje, mlangoni, alinisimamisha mmoja wa wale waliong'oa nguzo. Sasa ni baba wa watoto wawili, jirani yangu, hunisaidia kupandisha bashi juu ya nyumba upepo ukilifunua. "Ulinyamaza," alisema, "na siye tukabomoa nyumba ya mutu bure. Miaka yote hii nilifikiri tulifanya haki. Ulituacha tukafikiri tulifanya haki!" Nikasema ndiyo. Alitaka nijitetee, nafikiri, ili apate mahali pa kupigia. Nikasema ndiyo tena. Wiki ile akina mama watatu walikuja kuchukua vitambaa vyao, kila mmoja na sababu yake.

Halafu nikaenda Kiwanja.

Zawadi amekuwa mama wa watu, Mama. Ana kibanda chake sokoni, vitunguu na viazi upande mmoja, mashini yako upande mwingine, na wasichana wawili anaowafundisha. Ana kicheko chako. Aliponiona aliacha mteja katikati ya maneno akanikimbilia, "Mama Mapendo! Mama Mapendo yangu!" Akawaambia wasichana, huyu ndiye aliyemshika Mama yangu mkono. Akaagiza sombe na bugali na samaki, akaniwekea mbele, akaniambia nile kwanza, habari baadaye. Nilijua nikila sitasema. Sikugusa. Nikamwambia awatoe wasichana kidogo.

Nilimwambia kama nilivyokuandikia. Alikuwa anakunja kitambaa, akakikunja mpaka kikawa kidogo kabisa, hakikunjiki tena. Nilipomaliza, bado alikuwa amekishika. Sokoni watu wanapiga kelele, pikipiki zinapita. Kisha akauliza:

"Alikuita mara ngapi?"

Nilikuwa nimejipanga kwa kila swali isipokuwa hilo. Njia nzima kutoka Masisi, nikifikiria namna ya kumwambia, nilikuwa nimesema moyoni "aliniita," bila hesabu, kana kwamba ni mara moja. Hata pale, Mama, ulimi wangu ulikuwa tayari kusema "mara moja." Mdomo ulishafunguka.

"Tatu," nikasema.

Akaitikia kwa kichwa, polepole. Akaondoa sahani mbele yangu, bila hasira, akaifunika, akafuta meza mahali ilipokuwa.

"Nililala kwako siku munane," alisema. "Nililia kwa mapaja yako. Ulikuwa unanipangusa machozi na hii mikono."

"Ndiyo."

"Enda sasa, mbele ya miye kuita bale babinti. Sitaki banione hivi."

Nilisimama. Nilimwuliza kama ninaweza kumwandikia siku nyingine, hata maneno machache. Alikuwa ameshanipa mgongo, anatia uzi kwenye mashini, na uzi unakataa kuingia.

"Miye usiniandikie," alisema. "Miye sikukuita. Andikia mwenye alikuita."

Ndiyo sababu unapata barua hii.

Nakuahidi vitu vichache tu, kwa kuwa hujui tena thamani ya ahadi zangu. Kelele za mvua sitazitaja tena. Mutu akiniuliza ulikufaje, nitasema ulivyokufa. Zawadi sitamsumbua, nitakaa mbali mpaka mwenyewe atake, na kama hatataka, nitakaa mbali. Muzee Kamanzi nitarudi kwake. Yule jirani aliyenisimamisha mlangoni alikuja juzi, hakuketi, akasema tu kwamba tukishavuna maharagi atakwenda nami Mugunga na mwenzake mmoja, wajue kama muzee atawaruhusu kumjengea. Anaweza kutufukuza. Tutakwenda.

Jambo moja limebaki, na nikilificha barua yote itakuwa bure. Kila mvua ikinyesha najiuliza: kama ingekuwa siku ile tena, Neema chini kwenye mkeka, kifua kinapiga miluzi, na wewe unaita, ningefanya nini? Ningependa sana kukuandikia kwamba ningetoa yale mawe. Nimeshika kalamu muda mrefu hapa ili niliandike. Neema yuko mbele yangu, amelalia tumbo, anafanya hesabu zake za masomo, mzima, anang'ata kalamu.

Sijui, Mama. Nakuomba radhi kwa mawe yale, na nakuomba radhi kwa hilo pia, kwamba sijui.

Lala salama kule. Kwaheri, Mama Jenerosa.

Mapendo